Kutafuta Mahali Grafu ya Kipeo cha Pili Inapokata Mhimili wa x

Wanafunzi wa sekondari, wazazi wanaowasimamia watoto wao katika kazi za jioni, na watu wazima wanaojiandaa kwa mtihani kama watahiniwa wa kujitegemea huuliza jambo moja kwa maneno mbalimbali: grafu ya mlinganyo wa kipeo cha pili inakata wapi mhimili wa x, na kwa nini jibu hukataa kutoka ilhali kanuni imekaririwa herufi kwa herufi? Makala haya yanajibu maswali hayo kwa hatua. Msimamo wake ni kwamba kanuni yenyewe mara chache ndiyo inayomwangusha mwanafunzi; alama nyingi hupotea kabla kanuni haijaguswa, mlinganyo unapopangwa vibaya, na nyingine hupotea baada yake, jibu linapoachwa bila kuhakikiwa ingawa uhakiki wenyewe huchukua mistari miwili tu.

## Kinachotafutwa hasa

Mlinganyo wa kipeo cha pili ni ule ambao kipeo kikubwa kuliko vyote cha x ni 2, na umbo lake la kawaida ni y = ax² + bx + c, ambapo a, b na c ni namba zinazojulikana na a si sifuri. Grafu yake huitwa parabola, nayo ni mstari uliopinda kama bakuli, ambalo hutazama juu a inapokuwa chanya na hufudikizwa a inapokuwa hasi. Mhimili wa x ni mstari wa mlalo ambao kila nukta iliyo juu yake ina y iliyo sawa na sifuri, kwa hiyo kutafuta mahali parabola inapoukata mhimili huo ni kutafuta thamani za x zinazoifanya y iwe 0.

Hapo ndipo mkanganyiko wa kwanza unapozaliwa, kwa kuwa wanafunzi wengi wakisikia "mhimili wa x" huweka x = 0. Hatua hiyo hutoa c, ambayo ni mahali grafu inapokata mhimili wa wima, yaani mhimili wa y. Anayesita akumbuke kwamba ukiwa juu ya mhimili wa x hujapanda wala hujashuka, na kinachopima kupanda na kushuka ni y.

## Maandalizi kabla ya kukokotoa

Hatua zifuatazo zifanywe kwa kila swali, hata lile linaloonekana jepesi:

1. Iandikwe y = 0 waziwazi kwenye karatasi, isibaki kichwani.
2. Namba zote zihamishiwe upande mmoja, upande wa pili ubaki sifuri tupu, na kila namba inayovuka alama ya sawasawa ibadilishe alama yake.
3. Mlinganyo upangwe kwa kushuka: x² kwanza, kisha x, kisha namba isiyoambatana na x.
4. Ziandikwe a, b na c pembeni pamoja na alama zao. Katika 6x² − 7x − 3 = 0, b ni −7 wala si 7, na c ni −3 wala si 3.
5. Kama namba zote zina kigawo cha shirika, zigawanywe kwacho.

Hatua ya tano ina tahadhari yake. Mlinganyo −5x² + 15x + 20 = 0 unaweza kugawanywa kwa −5 ukawa x² − 3x − 4 = 0, na majibu yatabaki yaleyale, kwa kuwa sifuri ikigawanywa kwa −5 inabaki sifuri. Lakini y = −5x² + 15x + 20 na y = x² − 3x − 4 ni parabola mbili tofauti, moja imefudikizwa na nyingine inatazama juu, ingawa zote hukata mhimili wa x mahali palepale. Anayetakiwa kuchora grafu arudi kwenye mlinganyo wa mwanzo.

## Kibainishi kitangulie

Kibainishi ni namba inayopatikana kwa kukokotoa b² − 4ac, nayo hueleza mapema idadi ya makutano ya parabola na mhimili wa x. Kikiwa chanya, parabola inaukata mhimili mara mbili. Kikiwa sifuri, inaugusa mara moja tu na kurudi ilikotoka. Kikiwa hasi, haiufikii kabisa. Kukikokotoa mwanzoni humwokoa mwanafunzi anayetumia muda mrefu kusaka makutano yasiyokuwapo. Kwa mfano, y = x² − 4x + 7 ina kibainishi 16 − 28 = −12, na sehemu yake ya chini kabisa iko kwenye nukta (2, 3), juu ya mhimili; jibu sahihi la swali hilo ni kwamba hakuna makutano, na jibu hilo hustahili alama zote linapoambatana na hesabu yake.

Kibainishi kina faida nyingine ambayo haitajwi vya kutosha. Pale a, b na c zinapokuwa namba nzima, na kibainishi kikawa mraba kamili, yaani namba kama 1, 4, 9, 16 au 121 ambayo kipeuo chake cha pili ni namba nzima, mlinganyo unagawanyika kwa vigawo vyenye namba nzima. Kisipokuwa mraba kamili, vigawo hivyo havipo, na hakuna ustadi wa kubahatisha utakaovileta. Mwanafunzi anayekaa dakika kumi akijaribu jozi za namba angepata jibu la kuendelea au kuacha kwa hesabu ya mstari mmoja.

## Njia ya vigawo

Katika y = x² − 5x − 14, kibainishi ni 25 + 56 = 81, ambacho ni mraba wa 9, kwa hiyo vigawo vipo. Zinatafutwa namba mbili zinazozidishwa na kutoa −14 na zinazojumlishwa na kutoa −5, nazo ni −7 na 2. Mlinganyo unakuwa (x − 7)(x + 2) = 0, na kwa kuwa zao la namba mbili haliwezi kuwa sifuri bila mojawapo kuwa sifuri, ama x = 7 au x = −2. Makutano ni (7, 0) na (−2, 0).

Pale a isipokuwa 1, zao linalotafutwa ni la a na c. Katika 6x² − 7x − 3 = 0, zao hilo ni −18, na namba zinazofaa ni −9 na 2, hivyo −7x hupasuliwa vipande viwili:

6x² − 9x + 2x − 3 = 0
3x(2x − 3) + 1(2x − 3) = 0
(3x + 1)(2x − 3) = 0

Majibu ni x = −1/3 na x = 3/2. Ile 1 iliyo mbele ya mabano ya pili iandikwe, kwa sababu wanaoiacha hujikuta mstari wa mwisho una 3x peke yake na jibu moja limeharibika.

Makosa yanayojirudia katika njia hii ni haya:

- Kusoma jibu kwa alama iliyo ndani ya mabano. Kigawo (x − 7) hutoa x = 7, si −7, kwa kuwa ni 7 inayokifanya kiwe sifuri.
- Kutenganisha vigawo huku upande wa pili haujawa sifuri. Kutoka (x − 7)(x + 2) = 10 haiwezi kuhitimishwa kwamba kigawo kimoja ni 10.
- Kugawanya kwa x. Katika 3x² − 12x = 0, anayegawanya pande zote kwa 3x hubaki na x = 4 na kuipoteza x = 0, ambayo ni makutano halali kwenye nukta ya mwanzo. Kinachotakiwa ni 3x(x − 4) = 0.
- Kuandika jibu moja pale b inapokosekana. Mlinganyo 2x² − 18 = 0 hutoa x² = 9, na namba mbili zina mraba huo, 3 na −3.

## Kanuni, na mahali inapoponyoka

Wapo wanaouliza kwa nini wasitumie kanuni kila mara na kuachana na vigawo. Hakuna kinachowazuia, kwa maana kanuni hujibu kila swali la aina hii, lakini ina hatua nyingi zaidi na kila hatua ina alama ya kukosea. Inafaa zaidi pale kibainishi kinapokuwa chanya bila kuwa mraba kamili. Kanuni yenyewe ni:

x = (−b ± √(b² − 4ac)) / 2a

Alama ± humaanisha kwamba hesabu hufanywa mara mbili, mara moja kwa kujumlisha na mara moja kwa kutoa. Kwa y = 2x² − 3x − 4, a ni 2, b ni −3 na c ni −4. Kibainishi ni (−3)² − 4(2)(−4), yaani 9 + 32 = 41, na kipeuo chake cha pili ni karibu 6.403. Kwa hiyo x ni (3 + 6.403)/4 au (3 − 6.403)/4, ambayo ni takriban 2.35 na −0.85.

Mahali panapoponyoka panajulikana, na yeyote anayepata majibu ya ajabu aanze kutafuta hapa:

- −b pale b yenyewe inapokuwa hasi. Kinyume cha −3 ni 3, na ndiyo maana mstari wa mwisho unaanza na 3.
- b² pale b inapokuwa hasi. Mraba wa namba yoyote halisi hauwi hasi. Vikokotoo vingi vikiandikiwa −3² bila mabano hutoa −9, kwa kuwa huanza na mraba kisha huweka alama ya hasi. Mabano ni lazima.
- −4ac pale c inapokuwa hasi. Hasi mbili hukutana na kuzaa kujumlisha, kwa hiyo ni 9 + 32, si 9 − 32. Kosa hili moja hugeuza kibainishi kuwa hasi na kumfanya mwanafunzi atangaze kwamba grafu haikati mhimili ilhali inaukata mara mbili.
- Mgawanyo wa 2a. Mstari wa sehemu ufike chini ya −b pia, si chini ya kipeuo peke yake.
- Kukadiria mapema. Desimali zipunguzwe mwishoni tu.

Mwenye kukosea hapa asikate tamaa wala kurudia kukariri. Akiandika a, b na c pembeni, kisha akaziweka ndani ya kanuni kila moja ikiwa na mabano yake kabla ya kurahisisha chochote, makosa matatu ya mwanzo hupungua sana.

## Mlinganyo uliokwisha kukamilishwa mraba

Wakati mwingine swali huja katika umbo la y = (x − 3)² − 16, na wanafunzi hukimbilia kufungua mabano ili wapate a, b na c. Hakuna haja. Umbo hilo liko karibu na jibu kuliko jingine lolote: (x − 3)² = 16, hivyo x − 3 ni 4 au −4, na x ni 7 au −1. Anayesahau −4 hupata nusu ya jibu.

Kukamilisha mraba ni kazi ya kuufikisha mlinganyo kwenye umbo hilo kwa kuongeza namba inayokosekana. Muhammad bin Musa al-Khwarizmi, mwanazuoni aliyefanya kazi Baghdad katika karne ya 9, aliufafanua kwa mchoro mlinganyo ambao leo huandikwa x² + 10x = 39. Huchorwa mraba wenye upande x, kisha 10x hugawanywa kuwa mistatili miwili yenye upana wa 5, mmoja ukibandikwa ubavuni na mwingine chini. Kona moja hubaki wazi, nayo ni mraba wa 5 kwa 5, yaani 25. Kona ikijazwa, umbo zima linakuwa mraba wenye eneo la 39 + 25 = 64, upande wake ni 8, na x ni 3. Jibu la pili, −13, halikuwamo katika suluhisho lake kwa sababu upande wa mraba hauwezi kuwa hasi; lakini grafu ya y = x² + 10x − 39 hukata mhimili wa x kwenye 3 na kwenye −13 pia, na mwanafunzi wa leo anadaiwa yote mawili.

Kanuni ya kuikumbuka kutoka katika mchoro huo ni moja: namba iliyo mbele ya x igawanywe kwa 2, kisha ipatiwe mraba, na kinachoongezwa upande mmoja kiongezwe na upande wa pili. Kama a si 1, mlinganyo wote ugawanywe kwa a kwanza.

## Kusoma makutano kwenye grafu iliyochorwa

Baadhi ya maswali hutaka makutano yasomwe kwenye karatasi ya grafu. Kwa y = x² − 3x − 2, jedwali la x kuanzia −1 hadi 4 hutoa thamani hizi za y: 2, −2, −4, −4, −2, 2. Mambo mawili hujitokeza. Kwanza, y hubadilika alama kati ya x = −1 na x = 0, na tena kati ya x = 3 na x = 4, kwa hiyo mhimili hukatwa ndani ya nafasi hizo. Pili, thamani za y hurudi kwa mpangilio uleule kinyumenyume, jambo linaloonyesha kwamba mstari wa ulinganifu, yaani ule unaoigawa parabola katika nusu mbili zinazofanana, uko kwenye x = 1.5. Jedwali lisiporudi hivyo pale x zilipochaguliwa sawasawa pande zote mbili za ulinganifu, kuna thamani iliyokosewa.

Thamani mbili za −4 zinazofuatana ndizo zinazoharibu michoro mingi. Mwanafunzi huziunganisha kwa rula, na parabola hupata kitako bapa, ilhali kwa kweli inashuka hadi −4.25 pale x inapokuwa 1.5. Nukta hiyo iongezwe kwenye jedwali, na mstari upitishwe kwa mkono bila rula. Makutano yatasomeka karibu na −0.6 na 3.6, kanuni hutoa −0.56 na 3.56, na tofauti ndogo kama hiyo ni ya kawaida katika usomaji wa grafu.

Swali linaweza kuendelea na kutaka x² − 3x − 5 = 0 itatuliwe kwa grafu hiyohiyo. Parabola mpya haihitajiki. Kwa kuwa x² − 3x − 5 ni x² − 3x − 2 iliyopunguzwa 3, unachorwa mstari wa mlalo y = 3, parabola inaendelezwa kidogo kupita ncha zote mbili za jedwali, na panasomwa mahali mstari huo unapokutana nayo, yaani karibu na −1.2 na 4.2.

Kuhusu programu za simu zinazochora grafu, ni msaada mzuri wa kuhakiki nyumbani, lakini skrini huonyesha sehemu tu ya grafu. Parabola yenye makutano kwenye 3 na 40 inaweza kuonekana kama inakata mara moja, na mwanafunzi asiyekokotoa kibainishi hatajua kilichofichwa.

## Uhakiki wa mistari miwili

Kwa mlinganyo wowote wenye makutano mawili, jumla ya majibu ni −b/a na zao lake ni c/a. Katika 6x² − 7x − 3 = 0, jumla ya −1/3 na 3/2 ni 7/6, ambayo ndiyo −b/a, na zao ni −1/2, ambayo ndiyo −3/6. Katika mfano wa kanuni, 2.35 na −0.85 hujumlika kuwa 1.5, na zao ni karibu −2. Uhakiki huu hunasa karibu kila kosa la alama lililotajwa hapo juu, na hufanyika bila kikokotoo. Uwiano huo huonyesha pia kwamba mstari wa ulinganifu hupita katikati ya makutano mawili, kwenye x = −b/2a, jambo linalofaa sana kwa mchoraji.

Zao hilo lina kazi kubwa zaidi pale jibu moja linapokuwa dogo sana. Katika x² − 62x + 1 = 0, kibainishi ni 3840, na majedwali ya tarakimu nne hutoa kipeuo cha 61.97. Jibu kubwa ni (62 + 61.97)/2 = 61.985, ambalo halina shida. Jibu dogo kwa kanuni ni (62 − 61.97)/2 = 0.015, lakini thamani yake halisi ni karibu 0.0161. Kosa hilo ni takriban asilimia 7, na halikutokana na uzembe. Namba mbili zinazokaribiana zilipotolewa, karibu tarakimu zote za maana zilifutika. Dawa yake ni kutumia jibu kubwa na zao: c/a ni 1, na 1 ikigawanywa kwa 61.985 hutoa 0.01613.

## Jibu hasi katika swali la maneno

Jiwe linarushwa juu kutoka ukingoni mwa jengo lenye urefu wa mita 20, kwa mwendo wa mita 15 kwa sekunde, na kimo chake baada ya sekunde t huchukuliwa kuwa −5t² + 15t + 20, mvutano wa dunia ukikadiriwa kuwa 10. Mlinganyo hutoa t = 4 au t = −1. Aliyeulizwa jiwe linafika chini lini hujibu sekunde 4, na aeleze kwa sentensi moja kwamba −1 imeachwa kwa kuwa ni wakati wa kabla ya jiwe kurushwa. Aliyeulizwa grafu inakata wapi mhimili wa mlalo huandika (4, 0) na (−1, 0), yote mawili, kwa sababu grafu haijui habari za jiwe. Wanafunzi hupoteza alama kwa kubadilisha majibu haya mawili, kwa hiyo kabla ya kufuta jibu lolote hasi, sentensi ya mwisho ya swali isomwe upya.